Mizuka ya Marekani: Maswali Yanayoulizwa Mara kwa Mara

Maswali haya hujirudia kila mtu anapotoka kutazama filamu ya kutisha, au anapotumiwa video ya nyumba fulani ya Louisiana usiku wa manane na usingizi ukamruka. Nimeyapanga kuanzia ya mwanzo hadi ya pembeni kabisa. Pale nilipoweza nimetenga vitu viwili ambavyo wasimuliaji hupenda kuvichanganya: kilichoandikwa wakati jambo linatokea, na kilichoongezwa baadaye na mtu mwenye kitu cha kuuza.

## Mambo ya mwanzo

1. Mzuka ndiyo nini? Si jini tu?

Hapana. Jini kwetu ni kiumbe aliyeumbwa jini. Hajawahi kuwa binadamu. Mzimu nao ni wa wahenga, una mahali pake na una watu wake wa kuutambikia. Mzuka wa Kimarekani ni mtu aliyekufa, mara nyingi mwenye jina, mwaka wa kufa na kaburi linalojulikana, anayeonekana tena pale alipofia au alipoishi. Hadai ubani wala kuku mweusi, hampandi mtu kichwani. Anapanda na kushuka ngazi tu. Ndiyo maana nimechagua neno "mzuka", kitu kilichozuka mbele ya macho ya mtu. Vijana wa Dar wanaolitumia kwa maana ya msisimko wanisamehe.

Mipaka hiyo si ya chuma. Kisa cha akina Bell (swali la 5) kinafanana zaidi na habari za pepo kuliko za marehemu.

2. Wamarekani wanaamini kweli mambo haya?

Wengi kiasi. Shirika la kura za maoni la Gallup lilipouliza mwaka 2005, asilimia 32 walisema wanaamini mizuka ipo, na asilimia 37 walisema nyumba inaweza kuwa na mizuka. Ndiyo, waliokubali nyumba ni wengi kuliko waliokubali mizuka yenyewe. Msiniulize.

3. Hadithi zenyewe zilitoka wapi?

Kila aliyeingia nchi ile, kwa hiari au kwa pingu, aliingia na wafu wake. Waholanzi na Wajerumani waliacha hadithi zao kwenye bonde la mto Hudson. Wairishi waliokimbia njaa miaka ya 1840 walieneza Halloween. Waafrika waliouzwa utumwani walileta namna zao za kujikinga na roho (swali la 14). Na upande wa New Mexico, Texas na California, watoto wa familia zenye asili ya Meksiko hadi leo huonywa wasicheze mtoni jioni kwa sababu ya La Llorona, mama aliyewazamisha wanawe majini na sasa anawalilia ukingoni, akitafuta wa kuwachukua badala yao.

4. Mpanda farasi asiye na kichwa alikuwepo?

Kama tunavyomjua, ametoka kwenye hadithi ya Washington Irving iliyochapishwa mwaka 1820. Humo ni askari mamluki wa Kijerumani, wale walioitwa Wahesse, ambaye kichwa chake kilichukuliwa na risasi ya mzinga wakati wa vita vya uhuru. Vita vilipita kweli eneo hilo. Mapigano ya White Plains yalikuwa Oktoba 28, 1776. Lakini hakuna jina wala kaburi lililothibitishwa kuwa la askari huyo.

Kilicho hakika ni nguvu ya hadithi yenyewe. Mji wa North Tarrytown, New York, ulibadili jina mwaka 1996 ukawa Sleepy Hollow, jina lililotangazwa na Irving. Irving mwenyewe amezikwa hapo hapo.

## Visa vinavyoulizwa zaidi

5. "Mchawi wa Bell" alimuua mtu kweli?

John Bell alikuwa mkulima aliyehama kutoka North Carolina akaweka makazi karibu na mahali panapoitwa Adams leo, Tennessee. Inasimuliwa kwamba mwaka 1817 familia ilianza kusikia kugongwa kwa kuta, mashuka kuvutwa usiku, na binti yao Betsy kupigwa makofi na mkono usioonekana. Halafu ikaja sauti. Sauti iliimba tenzi za kanisani, ikarudia mahubiri neno kwa neno, ikasengenya majirani, ikamtukana mzee Bell na kuapa kumuua. Alikufa Desemba 1820. Kando yake, kwa mujibu wa masimulizi, kulikutwa kichupa cha dawa isiyojulikana. Paka aliyeonjeshwa akafa palepale. Sauti ikajisifu. Mwaka uliofuata Betsy akavunja uchumba na kijana Joshua Gardner, kwa kuwa sauti haikumtaka, na baadaye akaolewa na aliyekuwa mwalimu wake.

Sasa tatizo. Kitabu kinachobeba karibu yote hayo kilitoka mwaka 1894, zaidi ya miaka 70 baada ya mazishi. Mwandishi wake, Martin Ingram, alikuwa mtu wa magazeti. Alisema ametumia kumbukumbu zilizoandikwa na mtoto mmoja wa Bell, ila karatasi zenyewe hazijawahi kuonekana. Familia ilikuwepo, shamba lilikuwepo, mzee alikufa. Paka ndiye sina uhakika naye.

Wanaosoma kisa hiki kwa jicho la kiutu uzima hukaa zaidi kwa Betsy: binti mdogo, uchumba uliovunjwa, mwalimu mtu mzima aliyengoja pembeni. Nami huko ndiko ninakoelekea, ingawa ushahidi wa huko nao ni haba.

6. Na Rais Andrew Jackson alikimbizwa na mzuka huo?

Inasemwa alikwenda kuushuhudia, magari yake ya farasi yakakwama, watu wake wakatandikwa, akaondoka akisema afadhali apigane na jeshi zima la Waingereza. Maneno matamu. Katika barua na nyaraka zake nyingi zilizohifadhiwa, safari hiyo haimo.

7. Ni kweli mzuka uliwahi kutoa ushahidi mahakamani?

Kwa namna fulani, ndiyo, na hiki ndicho kisa ninachokipenda kuliko vyote, maana mahakama huweka kumbukumbu.

Januari 23, 1897, katika kaunti ya Greenbrier, West Virginia, Zona Heaster Shue alikutwa amekufa nyumbani kwake. Mumewe, mhunzi aliyejulikana kama Trout Shue, alifika kabla ya daktari, akamvisha maiti mwenyewe gauni lenye kola ndefu ngumu, akamfunga skafu shingoni. Daktari alipojaribu kuchunguza shingo, mume akalia na kukikumbatia kichwa hata daktari akaona aache. Watu wa kwetu wangeshtuka mapema: mume kuosha na kumvisha mkewe wakati kuna wanawake wa mtaa? Ila kule likapita, marehemu akazikwa.

Mama yake, Mary Jane Heaster, hakukubali. Akaomba kila usiku aonyeshwe ukweli. Akasema binti alimjia usiku nne mfululizo, akamweleza kwamba mume alimvunja shingo kwa hasira ya chakula cha jioni. Mama akamwendea mwendesha mashtaka, na Februari 22 kaburi likafukuliwa. Shingo ilikuwa imevunjika, koo limepondwa.

Hapa ndipo watu husimulia vibaya. Upande wa mashtaka haukutaja mzuka hata kidogo. Kesi yao ilisimama kwenye maiti na mwenendo wa mume. Aliyeuleta mzuka kizimbani ni wakili wa utetezi, akitaka mama aonekane mwenye wenge. Akamhoji na kumhoji: ilikuwa ndoto? Hukuwa usingizini? Mama hakuyumba hata neno moja, na waamuzi wa kijijini wakamsikiliza. Shue alihukumiwa kifungo cha maisha Julai 1897, akafia gerezani mwaka 1900. Jimbo limeweka kibao cha kumbukumbu kando ya barabara kinachoeleza jambo hilo.

Je, mama aliona mzuka, au aliona kola ile ndefu siku ya mazishi na akajua kwamba maneno ya mwanamke maskini hayatafukua kaburi, ila maneno ya marehemu yanaweza? Nawaachia.

8. Je, Salem nako kulikuwa na mizuka mahakamani?

Kulikuwa na vivuli vya watu walio hai. Mwaka 1692 mahakama ya Salem, Massachusetts, ilipokea ushahidi wa watu waliodai kwamba umbo la jirani fulani liliwajia usiku na kuwasonga. Mshtakiwa angejiteteaje? Hata akithibitisha kwamba alikuwa kitandani kwake, aliyeshtakiwa ni umbo. Watu 19 walinyongwa, na mzee Giles Corey akafa kwa kugandamizwa na mawe. Ushahidi wa namna hiyo ulipokataliwa, kesi zikaporomoka. Leo mji huo unaishi kwa utalii wa mambo haya haya.

9. Abraham Lincoln bado anatembea Ikulu?

Ndiye mzuka mwenye cheo kuliko yote. Mwanawe Willie alifia Ikulu Februari 1862, na mama, Mary Lincoln, akafanya vikao vya kuita roho humo humo ndani. Lincoln mwenyewe alipigwa risasi Aprili 14, 1865. Tangu hapo wageni hawajakoma kumwona: mke wa Rais Coolidge anatajwa kuwa alimwona dirishani, na Malkia Wilhelmina wa Uholanzi inasemwa alizimia mwaka 1942 baada ya kufungua mlango uliogongwa usiku. Eleanor Roosevelt alisema hakuwahi kumwona, ila aliwahi kuhisi kama kuna mtu.

Rais Truman aliandika kwa mkewe mwaka 1945 kwamba anasikia mizuka ikipita ukumbini usiku. Miaka mitatu baadaye mguu wa piano ya binti yake ukatoboa sakafu. Wahandisi walipokagua wakakuta jengo linakaribia kuanguka, familia ikahamishwa, ndani kukabomolewa na kujengwa upya hadi mwaka 1952. Mbao zinazokufa zina kelele zake.

10. Yule msichana anayeomba lifti kisha anatoweka ni wa wapi?

Wa kila mahali. Mwenye jina kubwa ni Mary wa Resurrection, wa barabara ya Archer, kusini magharibi mwa Chicago. Tangu miaka ya 1930 madereva wamesimulia kumpakia binti mwenye gauni jeupe la dansi, mkimya, mikono baridi. Gari likifika makaburi ya Resurrection anaomba kushuka, au hashuki kabisa: kiti kinakuwa kitupu. Ukumbi aliosemwa kucheza dansi, Willowbrook, uliungua Oktoba 2016. Wamependekezwa marehemu kadhaa kuwa ndio Mary, na hakuna anayelingana na masimulizi yote.

Watafiti wawili wa California walikusanya hadithi za aina hii mapema miaka ya 1940 na kukuta za nchi nzima zina mifupa ileile: barabara, abiria, anwani, kisha mzazi anayesema "binti yangu alikufa zamani." Aliyewahi kusafiri usiku kati ya Nairobi na Mombasa kwa lori na dereva mwenye maneno hatashangaa. Wetu lakini huwa ana kwato, na kwa hiyo ni jini. Rejea swali la 1.

11. Nyumba ya Amityville: kweli au uongo?

Mauaji ni kweli. Novemba 13, 1974, Ronald DeFeo Mdogo aliwapiga risasi wazazi wake na ndugu zake wanne katika nyumba ile ya Long Island, New York. Akafungwa, akafa kifungoni mwaka 2021.

Mizuka ni jambo jingine. Familia iliyoinunua kwa dola 80,000 iliingia Desemba 1975, ikaondoka baada ya siku 28, kikafuata kitabu mwaka 1977 na filamu mwaka 1979. Wakili wa DeFeo alikuja kusema hadharani kwamba yeye na familia hiyo waliitunga hadithi wakiwa na chupa kadhaa za mvinyo, ingawa wenyewe walishikilia kwamba yaliwapata. Walioishi hapo baadaye walilalamikia kero moja tu: watalii. Namba ya nyumba ikabidi ibadilishwe.

12. Bibi Winchester alijenga nyumba ili kukwepa roho za waliouawa kwa bunduki?

Hivyo ndivyo waongoza watalii wanavyosema San Jose, California. Sarah Winchester, mjane aliyerithi mali ya kiwanda cha bunduki, alinunua nyumba ya shambani ya vyumba vichache mwaka 1886 na kuipanua hadi ikawa na vyumba kama 160. Kuna ngazi inayoishia darini na mlango wa ghorofani unaofunguka kwenye hewa tupu. Inadaiwa mwaguzi wa Boston alimwambia nyundo zikinyamaza, atakufa.

Hakuna andiko lake hata moja linalotaja mwaguzi huyo. Barua zake zinaonyesha aliwapumzisha mafundi kwa miezi. Mlango unaofunguka hewani unaeleweka ukikumbuka tetemeko la mwaka 1906, lililoangusha sehemu za nyumba ambazo hakuzijenga tena. Alikuwa mama aliyempoteza mtoto wake wa pekee akiwa mchanga na mume miaka 15 baadaye, mwenye fedha nyingi na mapenzi ya ujenzi. Alikufa Septemba 1922. Mwaka uliofuata nyumba ilikuwa tayari inatoza kiingilio.

## Kusini, utumwa na Waafrika

13. Mbona mizuka mingi ya Kusini ni ya watumwa?

Kwa sababu waliouawa bila kuhesabiwa walikuwa wengi. Na kwa sababu mizuka yao inauzika. Yote mawili.

Chukua nyumba ya Delphine LaLaurie, mtaa wa Royal, New Orleans. Aprili 10, 1834, moto ulizuka jikoni. Inasemwa aliyeuwasha ni mpishi mtumwa aliyekuwa amefungwa mnyororo. Waokoaji walivunja mlango wa juu wakakuta watu wenye pingu, wenye njaa, wenye majeraha ya mateso ya muda mrefu. Magazeti ya mji yaliandika siku hizo hizo. Umati ukaivamia nyumba, bibi akatorokea Ufaransa, hakuwahi kushtakiwa. Haya hayahitaji mzuka. Hata hivyo kadiri miaka ilivyopita wasimuliaji wameongeza majaribio ya kitabibu na viungo vilivyoshonwa ovyo, mambo ambayo hayamo katika habari za mwaka 1834, kana kwamba yaliyotokea hayakutosha. Tena nyumba inayopigwa picha leo ilijengwa upya baada ya vurugu hiyo.

Linganisha na Chloe wa shamba la Myrtles, St. Francisville, Louisiana. Ni kijakazi wa hadithi aliyekatwa sikio na bwana wake, akafunga kilemba cha kijani, akawalisha watoto wa bwana keki yenye sumu. Kumbukumbu za familia hazina Chloe yeyote. Mama na watoto wanaodaiwa kulishwa sumu waliugua homa ya manjano miaka ya 1820. Mauaji yenye kumbukumbu pale ni ya mzungu mmoja aliyepigwa risasi barazani mwaka 1871.

Mwanahistoria Tiya Miles alizifuata ziara hizi na kuandika kitabu kilichotoka mwaka 2015. Huko Savannah alisimuliwa habari za kijakazi Molly aliyekutwa amekufa katika banda la nyumba ya kitajiri. Alipochimba nyaraka, hakumpata Molly. Lililonikaa mimi ni hili: watumwa halisi wa nyumba hizo, walioandikwa kwenye orodha za mali kati ya ng'ombe na vyombo, hawatajwi kwenye ziara, huku asiyekuwepo ana picha yake kwenye fulana.

14. Kwa nini dari za baraza kule hupakwa rangi ya buluu?

Ni desturi iliyoshika mizizi kwa Wagullah-Geechee, wazao wa Waafrika waliotumikishwa kwenye mashamba ya mpunga, nili na pamba ya pwani ya South Carolina na Georgia. Roho mbaya, waiitayo "haint", haiwezi kuvuka maji. Rangi ya buluu kwenye dari, madirisha na milango inaidanganya kwamba pale ni maji au mbingu. Zamani rangi ilichanganywa kwa nili, chokaa na maziwa. Leo viwanda huuza makopo yake, na wengi wanaopaka hawajui walimwiga nani.

Ndugu yake ni mti wa chupa: chupa, hasa za buluu, huchomekwa kwenye matawi ili roho iingie usiku na inaswe humo mpaka jua liiunguze. Wanazuoni wengi wameihusisha desturi hiyo na watu wa Kongo, eneo lililotoa sehemu kubwa ya mateka waliofikishwa pwani hiyo.

15. "Boo hag" ni nini? Ni kama jinamizi?

Ni jinamizi lenye wasifu kamili. Ni kiumbe asiye na ngozi, anayeiba ngozi ya mtu kuvaa mchana na kuivua usiku, akapita tundu la ufunguo, akamkalia mtu kifuani na kumnyonya pumzi. Ukiamka hoi, umeendeshwa usiku kucha. Dawa ni kuweka ufagio mlangoni: hana budi kuhesabu kila njiti, na alfajiri inamkuta hajamaliza.

Madaktari huliita hali ya mwili kuganda usingizini, akili ikiwa imeamka na viungo bado vimelala. Hutokea duniani kote. Kila pwani humpa anayekalia kifua jina lake. Waliokuwa Pemba na Unguja mwaka 1995, watu wakilala nje makundi makundi kwa hofu ya popobawa, wana cha kulinganisha.

## Kuongea na wafu

16. Akina dada Fox ni akina nani?

Maggie na Kate Fox, wasichana wa Hydesville, New York. Usiku wa Machi 31, 1848, walionyesha kwamba kitu kinachogonga ukutani kinawajibu maswali: gonga mara moja, gonga mara mbili. Kikajitambulisha kuwa roho ya mchuuzi aliyeuawa ndani ya nyumba hiyo. Dada yao mkubwa Leah akaona fursa, na mwaka uliofuata walikuwa jukwaani Rochester mbele ya watu waliolipa.

Kutoka hapo ikazaliwa dini nzima ya kuita roho. Vita vya wenyewe kwa wenyewe vilivyoua watu wasiopungua 620,000 vikaipa waumini: karibu kila nyumba ilikuwa na mtu ambaye hakurudi. Oktoba 21, 1888, Maggie alipanda jukwaani New York akavua kiatu, akaonyesha jinsi alivyokuwa akialisha viungo vya kidole gumba cha mguu. Ukumbi mzima ulisikia. Mwaka uliofuata akakana kukiri kwake. Waumini wengi hawakujali lolote kati ya hayo mawili.

17. Picha ya Lincoln akiwa mzuka nyuma ya mkewe ni halisi?

Picha ipo, mzuka ni wa studio. Ilipigwa mapema miaka ya 1870 na William Mumler wa Boston, ambaye "aligundua" kwamba vioo vya picha vikitumika mara mbili hutoa sura hafifu nyuma ya mteja. Alishtakiwa New York mwaka 1869, naye P. T. Barnum, bingwa wa kiini macho, akatoa ushahidi dhidi yake. Aliachiwa kwa kukosa ushahidi wa kutosha.

## Mambo ya pembeni

18. Kuna maelezo yasiyo ya roho yaliyowahi kuthibitika?

Yapo. Daktari wa macho William Wilmer alichapisha mwaka 1921 kisa cha familia iliyohamia nyumba kubwa ya zamani: vishindo vya nyayo, watu wasiojulikana vitandani, kifua kukabwa, maumivu ya kichwa, hata maua ya ndani kunyauka. Ikagundulika tanuru la kupashia nyumba joto lilikuwa bovu na lilirudisha moshi vyumbani. Gesi ni kaboni monoksaidi, ileile inayowaua watu wanaofunga madirisha na kulala na jiko la mkaa ndani. Tanuru likatengenezwa, mizuka ikahama.

19. Mercy Brown alikuwa mzuka au mnyonya damu?

Alikuwa msichana wa miaka 19 wa Exeter, Rhode Island, aliyekufa kwa kifua kikuu Januari 1892, baada ya mama na dada yake. Kaka yake Edwin naye akawa anakohoa. Majirani wakashawishi baba akubali makaburi yafunguliwe Machi 17. Mama na dada walikuwa mifupa. Mercy, aliyekuwa amewekwa kwenye chumba cha mawe katika baridi kali kwa miezi miwili, bado alikuwa na damu moyoni. Moyo ukachomwa, majivu yakachanganywa na maji, Edwin akanywa. Alikufa miezi miwili baadaye. Robert Koch alikuwa ametangaza vijidudu vya ugonjwa huo miaka 10 kabla.

20. Mtu anaweza kulala kwenye nyumba hizi?

Kwa kulipa, ndiyo. Nyumba ya Fall River, Massachusetts, ambamo Andrew na Abby Borden waliuawa kwa shoka Agosti 4, 1892, ni ya kulaza wageni. Lizzie, binti wa Andrew, alishtakiwa na kuachiwa huru mwaka uliofuata. Myrtles nayo hupokea wageni. Kabla ya kulipa, soma swali la 13.

21. Nikiuziwa nyumba yenye mizuka Marekani, naweza kudai fedha zangu?

Mtu mmoja alidai, mahakama ikawa upande wake, lakini usijenge matumaini juu ya kisa chake. Ni kesi ya Stambovsky dhidi ya Ackley, New York, 1991. Mnunuzi alikubali kununua nyumba ya Nyack kwa dola 650,000 na kutoa arubuni ya dola 32,500. Hakuwa mwenyeji, kwa hiyo hakujua kilichojulikana na mji mzima: mwenye nyumba alikuwa ametangaza kwa miaka kwamba anaishi na mizuka, hadi kwenye jarida la kitaifa.

Kwa kawaida sheria ya huko ilimtaka mnunuzi ajihadhari mwenyewe. Mahakama ya rufaa, kwa kura tatu kwa mbili, ikasema fundi wa ukaguzi hawezi kugundua mizuka, na aliyeutangazia umma kwamba ipo hawezi kugeuka mbele ya jaji na kusema haipo. Hivyo, kisheria, nyumba hiyo ina mizuka. Mnunuzi akaruhusiwa kuvunja mkataba. Mahakama haikusema mizuka ipo. Ilisema muuzaji hawezi kuikana.

California ina utaratibu tofauti: kifo kilichotokea ndani ya nyumba katika miaka mitatu iliyopita huelezwa kwa mnunuzi. Cha zamani zaidi, muuzaji anaweza kunyamaza. Ila mnunuzi akimuuliza waziwazi, hata kama ni cha miaka 40 nyuma, haruhusiwi kumdanganya.